Nilivyotumwa Kuifuta Nyota ya Ndelema

Mmeniuliza mmoja mmoja, darasani, kisimani na baada ya ibada, na kila mmoja nilimjibu kipande kulingana na haraka niliyokuwa nayo. Sasa vipande vimeanza kupishana. Jana jirani yangu amenipa hongera ya kuolewa Kasanga. Kwa hiyo naandika yote mara moja, msome, mpeane. Habari za barua ya ruhusa na mihuri nimeziacha, maana hakuna aliyeziulizia.

Mazwi

Mnajua kwamba nafundisha kisomo cha watu wazima hapa Mazwi, Sumbawanga. Vitabu tulivyoletewa vilihusu kilimo cha pamba. Huku kwetu juu pamba haioti, baridi inaikataa. Wanafunzi wangu walisoma "Pamba ni mali" kwa miezi minne, kisha mzee mmoja akaniuliza pamba ni mnyama wa namna gani. Siku hiyo nilianza kuandika karatasi zangu mwenyewe na kuzipiga chapa kwa ile mashine ya ofisini inayomwaga wino.

Nilikuwa nimefika kwenye somo la "nd". Ndizi, ndege na ndugu nilikwisha kuzitumia. Nikaandika Ndelema. Neno halikuwa na maana, nikalipa maana: ni nyota. Nyota haiwezi kukaa peke yake, kwa hiyo ilibidi niipatie mbingu. Nikaandika kwamba mbingu ni ngazi tisa, kama uwanda wetu unavyoshuka kwenda ziwani, na Ndelema iko ngazi ya nne. Rangi yake ni ya uji wa ulezi. Inazungukwa na dunia tatu: ya kwanza ni ya wafua chuma, ya pili ni misitu mitupu, ya tatu ni ya watu wanaolima matuta kama Wafipa. Kila baada ya vizazi saba Ndelema hushuka ngazi moja. Hapo dunia ya tatu huachwa kwenye baridi, na watu wake hulazimika kuhamia dunia ya pili. Kabla hawajahama, hutangulizwa watu wa kuchimba visima. Visima niliviweka kwa sababu ya somo la "vi".

Mwaka ule nusu ya mkoa ilikuwa inahamishiwa kwenye vijiji vipya. Naapa kwamba sikuwa nafikiria kuhama kwa mtu yeyote. Ofisini hawakuniamini, na nikizisoma tena zile karatasi nawaelewa.

Karatasi zilikuwa tano, kisha karatasi zenyewe zikaadimika. Nikadhani mambo yamekwisha. Lakini karatasi ya kusomea haikai mahali pamoja; zilisafiri na watu mpaka nisikokujua. Ndipo siku moja bwana mmoja wa ofisini, ambaye sitamtaja, akaniita na kunisomea barua iliyotoka kijiji kipya kimoja upande wa Kasanga, kuelekea ziwani. "Sisi wanakijiji tunauliza ni lini tutahamia Ndelema. Tuko tayari. Tunaomba tujulishwe mapema." Chini yake majina yalijaa ukurasa mzima, yote kwa mwandiko, hakuna hata dole gumba moja.

"Unaona?" akasema. "Wamekwisha kujua kuandika, na hiki ndicho wanachoandika."

"Miandiko mizuri," nikasema.

"Wamesimamisha ujenzi wa nyumba, wanasubiri nyota! Mvua zinakuja. Wewe ndiye uliyeiweka huko juu. Nenda ukaitoe."

"Kwa usafiri gani?"

Akadhani namfanyia mzaha. Mimi nilikuwa nauliza usafiri wa kwenda Kasanga.

Sumbawanga hadi Matai

Nilipata lori lililobeba chumvi na majembe. Dereva aliniambia tunaondoka saa kumi na mbili asubuhi. Tuliondoka saa nane mchana. Mwanzoni alinikalisha mbele kwa heshima ya ualimu, lakini tulipofika misheni ikapakiwa cherehani ya masista, ambayo haikutakiwa kutikiswa. Cherehani ikakaa mbele, mimi nikapanda juu ya chumvi.

Ulikuwa mwezi wa kumi. Nyasi zote zilikwisha kuchomwa, na upepo ulikuwa unachukua jivu la uwanda mzima na kutuletea usoni. Mama mmoja aliyekaa karibu nami alinigawia viazi vitamu vya kuchoma. Tukavila na jivu, chumvi tulikuwa nayo.

Tairi lilipasuka tukiwa hatujafika popote. Dereva alilishona kwa subira ambayo sijawahi kuiona kanisani. Wakati anashona akaniuliza nakwenda kufanya nini Kasanga.

"Kuwaambia watu kwamba nyota fulani haipo."

"Imezimika?"

"Haikuwahi kuwapo."

Akavuta uzi, akakata kwa meno. "Sasa nani ameipoteza?"

Aliendelea kushona, ila kuanzia pale alinisemesha taratibu, kama mtu anayezungumza na mgonjwa. Tuliingia Matai jua linazama, na cherehani ikashushwa kwanza.

Matai

Matai hapakuwa na dizeli. Nilikaa siku tatu kwa Mama Skolastika, mjane anayepangisha chumba na kuuza karanga sokoni. Alinilisha vizuri: ugali wa ulezi, maharage, na migebuka, samaki wakavu waliopandishwa kutoka ziwani. Siku ya kwanza alinipa karanga zilizofungwa kwenye karatasi. Nilipoifungua nikakuta ni karatasi yangu ya tatu.

"Hii mimi ndiye niliyeiandika," nikamwambia. Nadhani nilitaka anisifu.

Akaichukua, akainyoosha juu ya goti, akasoma kwa kidole. Alikuwa msomaji mzuri. "Hapa umesema walipanda maharage Ndelema iliposhuka. Huyu mtu hana akili. Maharage hayapandwi baridi ikianza."

"Hiyo ni dunia ya kubuni, mama."

"Hata kama. Maharage ni maharage."

Kosa langu lilikuwa kumweleza kazi niliyotumwa. Kesho yake soko zima lilijua kwamba nyumbani kwake amefikia mama wa serikali anayeshughulikia nyota. Kabla sijanywa chai walikuja watu wanne kutaka niwatazamie nyota zao. Mmoja biashara yake ilikuwa imelala. Mwingine alikuwa amechumbia mara tatu na kukataliwa mara tatu. Niliwaeleza kwamba mimi ni mwalimu wa kisomo, sipigi ramli, na nyota ninayoijua ni moja tu, nayo nakwenda kuifuta. Yule wa uchumba akashtuka.

"Usifute yangu," akasema.

"Yako sina."

"Ahsante sana, mwalimu." Akaniachia kuku na kuondoka kwa haraka. Nilimtafuta ili nimrudishie. Soko lilikuwa limefungwa, wala hakuna aliyejua anakaa wapi. Mama Skolastika alisubiri mpaka jioni, kisha akamchinja yule kuku. Alikuwa mnene. Miezi miwili baadaye nilisikia kwamba yule bwana ameoa. Sina la kusema.

Mteremkoni

Siku ya nne tulipata dizeli, nusu ya iliyohitajika. Dereva alikwenda nusu ya njia, akazima gari, akaniambia kwamba kijiji ninachokwenda ni "hapo tu mbele." Nilitembea tangu saa tatu asubuhi mpaka saa nane.

Ukitoka Matai ardhi inakwenda vizuri, kisha inachoka na kuanza kuporomoka kuelekea ziwani. Nilipofika kwenye ukingo niliona Tanganyika kwa mara ya kwanza, buluu na refu, na milima ya Kongo ng'ambo. Nilipoandika kuhusu ngazi tisa sikuwahi kufika pale. Nilikuwa nimesimuliwa tu. Nilikaa juu ya jiwe nikahesabu. Ziko ngazi, ila nadhani ni sita.

Kijiji kipya kilikuwa kwenye ngazi mojawapo, kandokando ya barabara. Nyumba zimepangwa mistari miwili, nyingi zikiwa na kuta tu. Ziwa unaliona vizuri ukiwa pale, lakini kuliona si kulinywa. Nilikutana na wanawake wamebeba ndoo wakipanda kutoka bondeni, wamelowa jasho mpaka viunoni. Nikawauliza maji yako mbali gani. Mmoja akanijibu: "Nimeondoka bado sijapika chai, sasa nikifika napika cha mchana."

Kijiji kipya

Walikuwa wamesikia kuna mtu anakuja kwa ajili ya nyota, wakawa wanamsubiri Bwana Nyota. Kuna Bwana Shamba, kuna Bwana Afya, wakaona huyu naye atakuwa wa aina hiyo. Walipoona mwanamke mwenye viatu mkononi wakaniuliza Bwana Nyota yuko nyuma kiasi gani. Mwenyekiti, Ndugu Wilbrodi, mwanamume mrefu mwenye sauti ndogo, alituma watu wawili barabarani wakamtafute. Ilinichukua muda kumshawishi kwamba hakuna mwingine.

Mkutano ulifanyika saa kumi. Watu walikuja wote. Nilisimama mbele yao nikiwa na hotuba niliyoiandaa juu ya magunia ya chumvi. Nikasema kwamba Ndelema haipo. Dunia zake hazipo. Niliitunga mimi, kwa ajili ya somo la herufi. Hakuna atakayehamia huko, na kwa hiyo ni vizuri nyumba ziezekwe kabla ya mvua.

Kisha mzee mmoja akainuka.

"Shikamoo mzee," nikasema.

"Marahaba, mwanangu. Umetoka Sumbawanga kuja kutuambia hivyo?"

"Ndiyo."

"Siku ngapi?"

"Siku nne."

"Pole sana." Akawageukia wenzake. "Mnasikia? Tumeandika barua tatu kuomba maji, hakuja mtu. Tumeandika moja kuhusu nyota, wamemtuma mwalimu."

Watu walicheka kicheko kirefu, mpaka watoto migongoni wakaamka. Mimi nilikuwa nimesimama vilevile, na hotuba yangu mkononi. Ndugu Wilbrodi, ambaye alikuwa na huruma, alinisogezea kigoda.

"Mwalimu, hapa hakuna mtu anayetaka kwenda kwenye nyota," akasema. "Tulisoma kwamba huko walitanguliza visima kabla ya watu. Tukaona ni utaratibu mzuri, tukaomba na sisi. Nyumba hazijaezekwa kwa sababu udongo wa kuta unataka maji, na wanaochota maji hawana mikono ya kuezeka."

Niliandika maneno yake yote kwenye daftari langu pale pale, mbele yao, nikawasomea. Walinisahihisha mara mbili. Kisha wakatia sahihi, kwa mwandiko.

Nilidhani kazi imekwisha. Watu walipotawanyika, kijana mmoja wa miaka thelathini hivi alibaki. Jina lake Nestori, ndiye aliyekuwa anawasomea wengine karatasi zangu. Alinikaribisha kwake. Mke wake alitupa ugali na dagaa, na alipoondoa vyombo Nestori akasema lililokuwa moyoni.

"Mwalimu, unamkumbuka Sefwa?"

Sefwa ni wa karatasi ya tano. Watu wa dunia ya tatu wanafunga mizigo, na mama mmoja mzee anaitwa Sefwa anakataa. Anaketi mlangoni pake na kusema kwamba hatakwenda. Karatasi inaishia hapo. Niliishia hapo kwa sababu nafasi ilikwisha.

"Mama yangu yuko juu," Nestori akasema, akielekeza kidole mlimani. "Kijiji cha zamani. Wote wameshuka, yeye amebaki. Mwezi uliopita aliteleza, mguu ukavimba, nikampata baada ya siku mbili. Na mgambo wamesema watapita kubomoa nyumba zilizobaki huko kabla ya mvua. Wakimkuta ndani hatatoka, namjua."

"Umemwambia nini?"

"Kila kitu. Siku moja nilimsomea zile karatasi ili acheke kidogo. Tangu siku hiyo ana neno moja. Anasema, 'Nataka nijue kwanza yule mama wa kwenye nyota alifanyaje.' Mimi sijui alifanyaje. Wewe unajua."

Sikujua. Lakini alikuwa ananitazama namna ambayo nisingeweza kumwambia hivyo.

"Andika kwamba alihama," akasema. "Ni mstari mmoja tu, mwalimu."

Kwa Bibi Oresta

Niliandika ile karatasi ya sita asubuhi, kwenye daftari, na haikuwa mstari mmoja. Nilimfanya Sefwa afikiri, alie kidogo, kisha aone kwamba watoto wake wako upande wa pili, achukue kinu chake na kuondoka. Nestori alisoma, macho yake yakalowa. Nikajisikia mwandishi hodari. Tukapanda mlima.

Kijiji cha zamani kilikuwa kimebaki vizingiti na majivu ya majiko. Nyumba moja tu ilikuwa na moshi. Pembeni yake palikuwa na chemchemi inayotiririka juu ya mawe, safi, hatua kumi kutoka mlangoni. Nilipoiona nilielewa mambo kadhaa.

Bibi Oresta alikuwa anapeta ulezi, mguu mmoja ameunyoosha. Nikampigia magoti, "Shikamoo bibi." Akaitikia bila kuacha kupeta. Nestori akamwambia kwa Kifipa mimi ni nani. Hapo akaweka ungo chini.

"Wewe ndiye uliyemwacha mwenzako mlangoni?"

"Ndiyo, bibi. Karatasi ilikwisha."

"Haya. Alifanyaje?"

Nikasoma. Nilisoma vizuri, kama ninavyowasomea ninyi, na Nestori akawa anatafsiri pale Kiswahili kilipomshinda mama yake. Nilipofika mahali Sefwa anachukua kinu nikatua, ili neno liingie.

"Huyu siye," Bibi Oresta akasema.

"Siye nani, bibi?"

"Siye yule aliyeketi mlangoni. Yule asingelia mbele za watu. Huyu umemtoa wapi?" Kisha akamgeukia mwanawe. "Ni wewe uliyemwagiza?"

Nestori akatazama chini. Mimi pia nikatazama chini. Nina miaka thelathini na nne, nina cheti cha ualimu, na nilijisikia kama mtoto aliyekamatwa na sukari mdomoni.

"Nisamehe, bibi," nikasema. "Nilidanganya. Sijui alifanyaje."

"Sasa umesema." Akavuta ungo karibu, akapeta kidogo, akaacha. "Mume wangu yuko pale nyuma ya nyumba. Watoto wangu wawili wako pale pale. Maji haya alinionyesha mama mkwe siku niliyoletwa. Sasa mnaniambia nishuke nikaishi mahali ambapo mwanangu anafukuzana na ndoo. Mtu mwenye akili hawezi kufanya hivyo. Sawasawa?"

"Sawasawa, bibi."

"Lakini usiku ule nilipoanguka niliita, sikuitikiwa. Niliita majina ya majirani, nyumba baada ya nyumba, nikakumbuka hakuna mtu. Nikaita mpaka mbuzi akaitikia." Alisema hivyo bila kujihurumia, kama anayetaja bei ya chumvi. "Mahali pasipo na wa kukuitikia si kwako tena, hata kama maji yapo."

Nestori akataka kusema kitu. Akamnyamazisha kwa mkono.

"Nitahama," akasema. "Si kwa sababu ya karatasi yako. Nitahama kwa sababu nimezeeka na mguu unauma. Lakini yule wa kwenye nyota hana mguu wa kuuma. Yeye mwache akae. Andika hivyo."

"Niandike kwamba alibaki peke yake? Kwenye baridi?"

"Andika kwamba alibaki. Kila mtu hawezi kuondoka. Lazima awepo mmoja anayejua palikuwa wapi."

Nikachana ile karatasi. Nikaandika nyingine palepale, juu ya goti, naye akanisimamia: Ndelema ilishuka ngazi ya tano na watu wote wakaifuata. Sefwa alibaki mlangoni pake. Alipika, akala, akafagia. Nilitaka kuongeza neno la huzuni, akakataa. "Fagia inatosha," akasema.

Tulishuka siku ya pili yake. Nestori alimbeba mama yake mgongoni, majirani waliokuja kusaidia wakabeba kinu, ungo, vyungu na kuku. Mimi nilipewa mbuzi, yule aliyeitikia. Alinisumbua njia nzima. Kabla ya kuondoka Bibi Oresta alijaza mtungi kwenye chemchemi, na kwa safari yote hakuruhusu mtu mwingine aubebe. Aliupakata mgongoni kwa mwanawe, maji yakimwagikia shingo ya Nestori.

Kurudi

Kurudi kulichukua siku mbili, kwa gari la samaki. Samaki walikaa mbele.

Yule bwana wa ofisini aliniuliza, "Nyota umeifuta?"

"Wamehama wote," nikamjibu. "Hakuna aliyebaki mlimani."

Akafurahi, akaandika kwamba imefutwa. Nikampa maombi ya maji yenye sahihi. Akasema atayaangalia. Tangu hapo napita ofisini kwake kila Jumatatu asubuhi, naketi kwenye benchi la mlangoni, na nikiulizwa nataka nini nasema nasubiri. Wiki iliyopita wametuma fundi akapime. Kupima si kuchimba, lakini Jumatatu ijayo nitakuwepo.

Juzi nimepata barua ya Nestori. Mvua imewakuta wakiwa wameezeka. Mguu wa mama umepungua uvimbe. Amewagombeza wanawake wote wa mstari wao kuhusu namna ya kupanda maharage, na wanakwenda kwake kila jioni kugombezwa tena. Chini kabisa, baada ya salamu, ameongeza: "Mama anasema usithubutu kuandika karatasi ya saba."